Kitanda Kisichoitikia Sumaku

“Weka sumaku tuone!”

“Siweki.”

“Unaogopa.”

“Niogope nini? Kitanda?”

“Unaogopa kitakachokujibu, wifi yangu. Ndiyo maana umeziba mlango kama kipa aliyekwisha kufungwa matano.”

Bi Sumaku alikuwa ameuziba mlango kweli. Mkono mmoja kwenye mwimo wa kulia, mwingine wa kushoto, kidevu juu. Nyuma yake, ndani ya chumba, kitanda cha shaba kilikuwa kimevuliwa godoro na shuka, kimebaki mifupa mitupu inayong'aa kwa jua la dirishani. Mbele yake, kwenye kochi la sebuleni, wifi yake, dada wa marehemu mumewe, amekaa kitako na kikombe cha chai juu ya goti kama mtu aliyelipia kiti cha mbele. Na ukutani, kando ya mlango, upande wa nje, sumaku yenyewe ilikuwa imeukumbatia msumari wake, utepe unaning'inia.

Wifi alifika asubuhi kwa kisingizio cha kusaidia. Alasiri ile mjukuu angekuja na gari kukichukua kitanda, maana anaolewa, na kitanda aliahidiwa tangu hajaota meno ya pili. “Kitanda cha shaba tupu cha babu yako,” ndivyo bibi yake alivyokuwa akimwambia kila akimbembeleza alale, mpaka mtoto akakua anayatamka maneno hayo kwa pamoja, shabatupuchababu, kama jina la ukoo. Basi leo godoro limesimamishwa ukutani, kamba ziko tayari, ndipo wifi, badala ya kukunja shuka, akakigonga kitanda kwa pete yake, ngo ngo, akainamisha sikio, akasema, “Mh.”

“Mh nini?”

“Mh tu. Shaba tupu hailii hivi.”

Mwanamke mwingine angecheka, akaendelea kufunga kamba. Bi Sumaku aliziacha kamba, akaenda kuuziba mlango. Maana katika maisha yake alikuwa amekipima kwa sumaku ile kila kilichopita mbele yake, vijiko vya watu, vifungo vya makoti, bawaba za milango, hata jino la bandia la mwenye nyumba, na mwenye nyumba analo mdomoni. Kilichobaki bila kupimwa ni kimoja, kitanda kile. Na juu ya kitanda kile lilikuwa limekaa neno la mume wake.

Tuanze na sumaku, maana ndiyo iliyomtangulia mume.

Wakati huo alikuwa bado msichana, fundi cherehani, na duka lake lilikuwa chumba chembamba chenye sakafu iliyojaa nyufa. Katika nyufa zile pini ziliingia kama mende. Unamaliza kushona, unafagia, unaapa pini zote umezipata, kesho yake mteja anavua viatu ili apimwe suruali, anaruka hadi darini. Wakaanza kumwambia duka lake lina miiba. Fundi redio wa ng'ambo ya pili ya barabara akamwonea huruma, akampa kitu alichokitoa nyuma ya spika iliyokufa, duara jeusi, zito, lenye tundu katikati, baya kama bangili ya jini. “Iburute sakafuni,” akamwambia, “lakini usije nayo kwangu, kaseti zangu zina roho nyepesi.”

Akapitisha utepe kwenye tundu, akaiburuta. Pini zikatoka! Zikatoka nyufani zikirukiana migongoni, na sindano, na misumari ambayo hakuna aliyejua iliingiaje, na bobini ya uzi iliyopotea zamani ikafuata nyuma imeona haya. Siku ile ile akaivaa shingoni, na jina lake la kuzaliwa likaanza kufa. Wanaosimulia kwamba sumaku ile iliwahi kumvua askari wa doria viatu vyote viwili wanatia chumvi. Ilimvua kimoja.

Shule hakwenda. Lakini mtu akikaa na sumaku shingoni mchana kutwa, lazima ajifunze tabia za vitu. Chuma huja mbio. Shaba haiji, umwite kwa upole au kwa matusi. Subana ya alumini aliyoivaa kidoleni, kimya. Vifungo vya mfupa, kimya. Zipu za zamani za shaba, kimya, na zile mpya za bei rahisi, zinakuja zinajikwaa. Vijiko ndivyo vilivyomchosha. Mteja mmoja alimletea seti nzima ya harusi, vyote vinang'aa sawasawa, vyote vya chuma cha pua, nusu vikaja na nusu vikagoma. Akamwambia mteja, “Hawa ni mama mmoja, baba mbalimbali.”

Akajua pia kwamba hata vinavyoitika haviitiki kwa moyo mmoja. Msumari wa kawaida ukiwa kwenye sumaku utanyanyua msumari mwenzake, na huyo atanyanyua mwingine. Lakini ukiutoa tu, umesahau kila kitu, unaanguka kama haujawahi kumjua mtu. Sindano siyo hivyo. Sindano ngumu ya pua, ukiisugua kwenye sumaku upande mmoja mara kadhaa, inashika. Utaiondoa, utaiweka kabatini, utairudia mwaka mwingine, nayo bado inanyanyua pini. Cha kuisahaulisha alikijua kimoja tu, moto. Alikuwa akizitia sindano korofi ndani ya pasi ya mkaa mpaka ziwe nyekundu, na zikipoa zimesahau, ila hazifai tena kushonea. Aliona hilo, akalinyamazia.

Na kulikuwa na mchezo wa kopo. Pini zake alizitia kwenye kopo la shaba lenye kifuniko. Akitaka kuwanyamazisha watoto wa wateja, alilipitisha lile duara chini ya kopo, na ndani pini zinasikika zinamfuata, chakacha chakacha, zinageuka kona, zinasimama anaposimama. Shaba yenyewe haikuitika, wala haikuzuia. Ilimwachia sumaku apite aonane na chuma kilicho ndani, lakini salamu ilifika imepungua nguvu, kama ya mtu anayesema nyuma ya pazia.

Fundi Saa alikuwa mpangaji wa chumba cha pili. Mtu mrefu, mkimya, kioo kimechomekwa jichoni, kibano mkononi, anahema kwa uangalifu ili gurudumu lisipeperuke. Siku ya kwanza Bi Sumaku alipoingia kumwomba kiberiti, aliinama juu ya meza kutazama matumbo ya saa, na lile duara likaning'inia katikati ya saa za watu. Hakuvunja kitu. Alisema asante, akaondoka na kiberiti chake.

Wiki ile mji mzima uliwahi. Saa zote zilizokuwa mezani ziliondoka zinakimbia. Mwalimu mkuu alifika shuleni akamkuta mlinzi bado anaota. Mwenye bucha alifunga duka wakati watu ndio kwanza wanakuja. Bwana mmoja aliingia kanisani kwa ajili ya harusi ya mwanawe akakuta mazishi ya mtu mwingine, akaona aibu kutoka, akalia mpaka mwisho. Wote wakarudi kwa Fundi Saa wamekunja ngumi. Naye akazifungua saa moja moja, akaona kamani, ule utepe mwembamba wa pua unaojikunja na kujikunjua, imegandamana pete kwa pete. Akainua kichwa, akatazama ukuta unaomtenga na jirani.

“Dada,” akasema mlangoni, “hiyo shingoni ni nini?”

“Pambo.”

“Pambo lako limewatia wazimu wazee wa watu.”

“Saa zako zimenipenda, kaka. Nifanyeje?”

Hakucheka. Akamvuta hadi mezani kwake, penye koili ya waya iliyochomekwa kwenye umeme ili kuzitoa saa sumaku, na mbele ya macho yake akaitia saa ndani ya koili, kisha akaanza kuitoa. Akaitoa polepole, mkono umenyooka, akirudi nyuma hatua baada ya hatua hadi akafika barabarani na saa yake mkononi kama mtu anayebeba yai.

“Mbona pole hivyo?”

“Ukiitoa kwa haraka inabaki na kumbukumbu mbaya. Lazima iage.”

Bi Sumaku alisema baadaye kwamba kama si neno lile “iage” angeolewa na fundi redio.

Walipooana watu wakasema Fundi Saa ameoa ili ajue adui yake analala wapi. Kweli kulikuwa na mapatano, na yalikuwa moja tu: sumaku isivuke kizingiti cha chumba cha kulala. Alikuwa na saa yake ya mkononi, aliyoiunda mwenyewe kwa vipande vya saa zilizokufa, na usiku aliivua akaitundika kwenye nguzo ya kitanda, upande wa kichwani, karibu na sikio lake. Hiyo ndiyo saa aliyoitumia kuzirekebisha nyingine. Basi akapiga msumari nje ya mlango. “Yako inalala hapa,” akasema, “na yangu inalala pale, na sisi katikati.”

Kitanda alikileta yeye, juu ya mkokoteni, katika hali ambayo mtaa mzima ulitoka kutazama. Mabomba ya shaba, matufe ya shaba juu ya kila nguzo, maua ya shaba kichwani. Akampeleka mkewe mbele yake, akamwambia lile neno. “Shaba tupu, mke wangu. Katika nyumba hii yote, hiki peke yake hakitakuitikia hata ukikililia. Nimekutafutia kitu kimoja kisichokufuata, upumzike.”

Angeweza kupima siku ile ile. Sumaku ilikuwa shingoni. Akaivua, akaitundika kwenye msumari, akaingia. Ndivyo alivyompenda.

Kitanda kilikuwa kizuri na kilikuwa mwimbaji. Mifumbati yake, yale mabomba ya ubavuni, yalikuwa matupu ndani, na kila mtu akigeuka yalilia kwa sauti nyembamba, na nguzo za kichwani zikajibu kwa nene. Walizaa watoto wao juu ya muziki ule. Lakini mtoto wa mwisho alimuumiza Bi Sumaku mgongo. Alilazwa hospitali muda mrefu, na mganga alimwonya asilale kwenye kitu kinachobonyea. Aliporudi nyumbani, mwembamba, mtoto kifuani, akajilaza akisubiri kitanda kibonyee na kuimba kama kawaida. Kitanda kikanyamaza. Akageuka. Kimya. Kimenyooka kama meza.

“Mbona hakilii?”

“Umepungua,” akasema mumewe. “Kimekosa sababu.”

Akacheka, mgongo ukamuuma kwa kucheka. Usiku huohuo akamwona mumewe anavua saa yake, anapita nguzo, anaenda kuiweka dirishani, mbali kabisa.

“Leo umeihamisha?”

“Hewa,” akasema. “Inahitaji hewa.”

Saa na hewa! Mwiba ukamwingia Bi Sumaku. Aliona ameelewa. Mume wake anadhani kwamba yeye, kwa kuumwa kwake au kwa ukorofi wake, ameanza kuipitisha sumaku kizingitini. Ametilia shaka mapatano. Na yeye, ambaye aliwaficha wateja mambo mengi na hakuona tabu, hili hakuwahi kulivunja. Mara moja tu, mume yuko dukani, alisimama mlangoni, akanyoosha mkono wenye sumaku kuelekea kitandani mpaka ncha za vidole zikafika kizingitini. Akaurudisha. Hata hiyo alijihesabia.

Saa haikurudi kwenye nguzo maisha yote. Kila usiku hatua zile hadi dirishani, na kila usiku mwiba unaguswa. Waligombana kuhusu kila kitu isipokuwa hicho. Waligombana kuhusu dirisha la duka la mume, ambalo msimu ule ule aliling'oa nondo zote akaliziba kwa mbao kama banda la kuku. “Zimeliwa na kutu,” akasema. Mtaa ulimcheka, fundi mzima wa vitu vidogo kashindwa dirisha. Mkewe alimcheka zaidi, ili asije akauliza kile kingine.

Akafa akiwa amelala, juu ya kitanda hicho, kwa utaratibu wake. Bi Sumaku alisema mara nyingi kwamba hata kwenye kufa alijitoa polepole. Saa dirishani ilizidi kwenda siku nzima mpaka kamani ikalegea. Na sumaku ikabaki nje, kwenye msumari. Hapakuwa tena na saa ya kulindwa, lakini kila jioni, akiwa amechoka au hajachoka, aliivua mlangoni kabla ya kuingia. Wajukuu walijua. Ukitaka kujua kama bibi amelala, tazama msumari.

Sasa wifi anamwambia apime.

“Nisikilize,” wifi akasema, akaweka kikombe chini. “Mjukuu wetu anaolewa na nani?”

“Na kijana.”

“Kijana gani? Mchomeleaji. Mtu anayelala na vyuma, anaamka na vyuma. Kitanda kikifika kwake, siku ya kwanza atakigonga, siku ya pili atakijua. Unataka ukaambiwe na mkwe kwamba shaba tupu ya babu ilikuwa maneno?”

“Kaka yako hakuwa mtu wa maneno.”

“Kaka yangu! Alipokuwa mdogo alimwambia mama kuku wameruka ukuta, na manyoya yako mdomoni.”

“Huo ulikuwa utoto.”

“Basi pima. Kama ni kweli, nitakuomba radhi mbele ya gari la mizigo, nimepiga magoti.”

Bi Sumaku alitazama sumaku. Wifi huyu alikuwa amemsumbua tangu siku ya harusi, akimwonja chumvi kwenye chakula, akimhesabia mishono ya nguo, akimwita mwizi wa kaka. Na wifi huyu ndiye aliyemwosha alipotoka hospitali, hawezi hata kuinama. Hakuwa mtu wa kusema “Mh” bure. Hilo ndilo lililomtia hofu.

Akawaza kidogo. Akiacha kupima, kitanda kitaondoka na neno lake likiwa zima, kama yai ambalo hujui kama limeoza. Akipima likaonekana la uongo, basi. Mzee hayupo wa kujitetea, wala wa kucheka.

Akaibandua sumaku kwenye msumari. Ikang'ang'ania kidogo, kama kawaida yake, kisha ikamwachia. Akaivaa. Uzito ukamrudia pale pale penye alama shingoni. Akainua mguu, akavuka.

Hakuna kilichotokea. Nyumba haikuanguka. Wifi alikuwa amekwisha kusimama nyuma yake, anamhemea sikioni.

“Sogea, unanitekenya.”

“Anza juu.”

Akaigusisha sumaku na tufe la nguzo ya kichwani. Haikushika. Akaiachia, ikaning'inia tu, imetazama pembeni, kama mtu aliyeingia ofisi isiyo yake. Akapima maua. Hayakuitika. Tufe la pili, kimya.

“Haya!” Bi Sumaku akageuka, uso umefunguka. “Piga magoti!”

“Teremka kwenye nguzo,” wifi akasema. Hakuwa anacheka.

Akateremsha. Na kwenye nguzo, shubiri moja chini ya tufe, duara likageuka. Halikuruka, halikugonga tah! kama linavyogonga mlango wa chuma. Liligeuka taratibu kwenye utepe wake, likasogea, likaegemea shaba, likatulia. Akalivuta likatoka kwa urahisi. Akaliachia, likarudi, likaegemea.

Akapima nguzo ya pili. Likaegemea. Akainama kwa tabu, mgongo ukilalamika, akapima mfumbati. Likaegemea.

Akakaa juu ya mfumbati mtupu.

“Kumbe,” Bi Sumaku akasema. “Hata hiki kilikuwa kinaitika. Miaka yote nimelala juu ya kitu kinachoitika, na mimi nje naiacha yangu kwenye msumari kama mjinga.”

“Wifi.”

“Niache. Saa alihamisha, mimi nikadhani ananishuku. Kumbe alijua ni chuma, akaogopa nitakuja kugundua.”

“Wewe fundi,” wifi akasema, “umewahi kuona chuma kikaegemea?”

Bi Sumaku akainua macho.

Hakuwahi. Chuma kilichopakwa rangi ya shaba kingeikamata sumaku kwa meno, mpaka uweke mguu ndipo uitoe. Hii ilikuwa salamu ya nyuma ya pazia. Aliijua. Alikuwa ameisikia kila siku ya kazi yake, chakacha chakacha, akiwanyamazisha watoto.

“Kopo,” akasema.

“Kopo gani?”

Alikuwa amekwisha kushika tufe la nguzo kwa pindo la nguo yake, anakaza taya, anazungusha. Tufe liligoma. Akalitukana. Likalia, likageuka robo, likageuka nusu, likaanza kupanda kwenye skrubu zake kwa vumbi la kijani. Akalitoa, likajaa kiganja. Akachungulia ndani ya nguzo.

Ndani ya bomba la shaba kulikuwa na nondo. Nondo nene, ya dirisha, yenye mabaka ya rangi ya buluu, rangi ya duka la Fundi Saa. Na ile nondo ilikuwa imeviringishwa kitambaa toka juu kwenda chini, kimekazwa kwa mkono wa mtu anayejua nafasi ya unywele ni kiasi gani, ili isigongegonge, isilie. Bi Sumaku akaingiza kidole, akavuta pindo. Likatoka zambarau, lenye mstari wa rangi ya dhahabu.

Alilijua kabla hajaliona vizuri. Sare ya bendi ya shule. Aliishona mara moja tu, tumbo lake la mwisho likiwa limefika kwenye sahani ya cherehani, na shule ikaivunja bendi kabla tarumbeta hazijazoea midomo. Vipande vilivyobaki alivitafuta alipotoka hospitali ili amshonee mtoto kofia. “Panya,” mumewe alimwambia.

“Panya!” Bi Sumaku akasema sasa, kwa sauti. “Kutu! Hewa!”

“Hakuwa hodari wa uongo,” wifi akasema. “Ndiyo maana alichagua maneno mafupi.”

Bi Sumaku akamgeukia polepole sana.

“Ulijua.”

Wifi akatazama dari.

“Wewe mwanamke. Ulijua!”

“Nani unadhani alishika upande wa pili? Nondo ile anaipitisha peke yake? Mimi nilizishika, yeye akaviringisha. Siku mbili tunakibomoa na kukijenga. Vidole vilinitoka malengelenge, na bado nikakupikia uji.”

“Na hukuniambia!”

“Aliniapisha. Akasema, mke wangu mgongo unamuuma, na kitanda nilimsifia, nikamwambia ni shaba tupu. Akijua nimekitia chuma kwa ajili yake atadhani namwona mzito. Asijue. Mimi nikaapa kwamba sitasema.” Wifi akajifuta pua kwa mgongo wa mkono. “Na sikusema. Lakini kutogombana nawe sikuapa. Nimekaa na jambo hili mpaka nimezeeka nalo, leo kitanda kinatoka mlangoni, nikaona kikitoka hivihivi nitakufa nacho tumboni.”

“Na saa?”

“Saa ipi?”

“Ile ya kwenye nguzo. Kwa nini aliihamisha?”

“Aa, hiyo. Alisema nondo ikisimama mahali pamoja miaka na miaka inajifunza kuvuta yenyewe, kidogo kidogo, hata bila sumaku ya mtu. Sijui kama ni kweli. Akasema saa yake haitalala tena hapo. Nikamwambia, basi mwambie mkeo. Akasema atamwambia inataka hewa.”

Bi Sumaku alianza kucheka. Ilianzia mbali, ikampandia mabegani, na ilipofika usoni haikujulikana tena kama ni kicheko. Alishika kipande cha zambarau akakibana mdomoni. Akawaona wote wawili, mumewe na dada yake, sakafuni chumbani humu, wanasukumana na kunong'onezana, mtu mrefu na kioo chake jichoni akipima nondo kana kwamba ni kamani ya saa ya malkia; na duka lake wazi nyuma yake, dirisha halina ulinzi, na yeye asubuhi anapigilia mbao huku mtaa unamcheka, na mkewe mbele ya wote anacheka zaidi.

“Alivumilia nimcheke.”

“Alifurahi. Alikuja kwangu akasema, leo mke wangu amecheka mpaka mgongo ukamsahau.”

Sumaku shingoni ilikuwa imeigeukia tena nguzo, imeiegemea. Bi Sumaku akaitazama. Kisha akaivua shingoni kabisa, akaiacha hapo ilipo ijishikilie yenyewe, shaba katikati, chuma ndani. Ikakaa.

“Kwa hiyo si shaba tupu,” akasema.

“Si tupu, wifi.”

“Na bwana harusi atajua.”

“Akikinyanyua tu. Uzito ule haujifichi.” Wifi akamvuta wakakaa juu ya mfumbati, na mfumbati ukawabeba wote wawili bila kulia. “Sasa mtoto utamwambia nini? Amekua na shabatupu yake. Utamwambia au utafunga tufe tukanyamaza?”

Bi Sumaku aligeuza lile tufe kiganjani. Akafungua mdomo.

“Nitamwambia kwamba babu yake—”

Mlango wa sebuleni ukagonga ukuta. Nje gari lilikuwa linaunguruma, na sauti ya kijana inauliza kamba ziko wapi. Mjukuu akaingia anahema, leso kichwani, tayari kwa kazi. Akafika mlangoni pa chumba, akainua mkono kwa mazoea kuigusa sumaku anapopita. Mkono ukakuta msumari mtupu. Akageuka, akawaona mabibi wawili wamekaa juu ya kitanda kisicho na godoro, macho mekundu, kitambaa cha zambarau katikati yao, na lile duara jeusi ndani ya chumba.

“Bibi?” akasema.